"Ana Bati, Atolewe": Dhana Potofu Kuhusu Ruzuku ya Kaya Maskini Kigoma

Katika vijiji vya Kasulu, Buhigwe na Uvinza, mkutano wa kupitia orodha ya walengwa wa TASAF, mfuko wa serikali unaozipa kaya maskini ruzuku ya fedha, hauishi bila mtu kusimama, kunyoosha kidole na kusema: "Yule ana bati, atolewe." Wengine wanapiga makofi. Mtendaji anaweka alama kwenye jina. Ukienda halmashauri unaikuta kauli ileile kwa diwani, na ukipanda gari la kwenda Kigoma mjini unaisikia kwa abiria. Imerudiwa mpaka imechosha, na watu wanakosa chakula kwa ajili yake. Ndiyo maana naanza nayo, na nitakaa nayo. Nyingine nitazijibu kwa kifupi.

"Mwenye bati si maskini"

Tuanze na hesabu, kwa sababu wanaosema hivi hawajawahi kuipiga. Mpango wa TASAF wa Kunusuru Kaya Maskini ulipoanza, ruzuku ya msingi ilikuwa shilingi 10,000 kwa kaya kwa mwezi. Kaya yenye mtoto wa chini ya miaka 18 iliongezewa 4,000. Juu yake kulikuwa na ziada zenye masharti: 4,000 kwa kaya yenye mtoto wa chini ya miaka 5 anayepelekwa kliniki, 2,000 kwa kila mwanafunzi wa shule ya msingi, 4,000 kwa wa kidato cha 1 hadi cha 4, na 6,000 kwa wa kidato cha 5 na 6. Hata ukijumlisha vyote, kaya haikuweza kuvuka 38,000 kwa mwezi. Viwango vilirekebishwa baadaye, lakini hivyo ndivyo vilivyonunua mabati mengi yanayolalamikiwa leo.

Sasa chukua kaya ya kule Makere: bibi, binti yake na watoto wanne, mmoja wa kliniki, wawili wa shule ya msingi, mmoja wa kidato cha 2. Kwa viwango hivyo inapata 10,000, na 4,000 za watoto, na 4,000 za kliniki, na 4,000 za wale wawili wa msingi, na 4,000 za sekondari. Jumla 26,000 kwa mwezi, au 52,000 kila malipo, maana malipo hutoka kila baada ya miezi miwili. Gawa 26,000 kwa watu sita: ni 4,333 kwa mtu kwa mwezi, kama shilingi 144 kwa siku.

Utafiti wa Mapato na Matumizi ya Kaya Binafsi wa 2017/18 uliweka mstari wa umaskini wa mahitaji ya msingi kwenye shilingi 49,320 kwa mtu mzima mmoja kwa mwezi. Ukihesabu kila mtoto kama nusu ya mtu mzima, kaya hii inahitaji kama 197,000 kwa mwezi ili ifike tu kwenye mstari wenyewe. Ruzuku haifikii hata sehemu moja ya saba ya hapo. Zinazobaki zinatoka kwenye kibarua cha kulima, kuanika dagaa, kukamua mawese, na siku nyingine hazitoki popote.

Bati linapatikanaje basi? Nyumba ya vyumba viwili inakula mabati kama 24 ya mita 3. Tuseme bati moja la geji nyepesi ni 20,000: hapo ni 480,000, na bado hujataja mbao, misumari na fundi. Mama anayeweka 5,000 kwa mwezi kwenye kikundi cha hisa anapata 60,000 kwa mwaka, yaani mabati matatu. Akiendelea hivyo bila mwanya, ezeko lake litakamilika mwaka wa 8. Kwa hiyo mabati ya kaya hizi hununuliwa matatu, manne, kila kikundi kinapovunja sanduku na kugawana akiba, na kwa miaka yamesimamishwa ukutani nyuma ya kitanda yakisubiri wenzake. Anayeona paa jipya likimetameta anaona siku moja. Haoni ile miaka.

Na kwa nini aanzie kwenye bati? Kwa sababu ana akili ya hesabu kuliko anayemnyooshea kidole. Mvua za Kigoma huanza mwishoni mwa Oktoba na kwenda hadi Mei. Nyasi zinaoza na kuliwa na mchwa, na kila baada ya miaka miwili au mitatu lazima uezeke upya. Zamani nyasi zilikatwa jirani. Sasa mapori yamelimwa, zinafuatwa mbali au zinanunuliwa. Paa likivuja, mbegu ya maharage inalowa, udaga (mihogo mikavu) unaota ukungu, madaftari yanaharibika. Bati linakata gharama hiyo moja kwa moja, tena linaleta maji: milimita 1 ya mvua kwenye mita 1 ya mraba ni lita 1, kwa hiyo paa la mita 40 za mraba likipata mvua ya milimita 20 linateremsha lita 800, ndoo 40 ambazo hakuna mtoto atakayezibeba kichwani. Kama kuna matumizi ya fedha ya ruzuku yenye busara zaidi ya hayo, sijayaona.

Bati ni mali. Umaskini unaoongelewa hapa ni wa kipato na matumizi, na mali na kipato haviendi sambamba. Bati haliliwi. Mwenye paa zuri akiugua mwezi mzima wakati wa palizi, shamba linashindwa na mwaka mzima unaharibika. Akitaka kuliuza, lina matundu ya misumari na bei yake imeshaanguka.

Lawama nyingine ni za kipimo chenyewe kinachotumika kuchagua kaya. Utambuzi wa kaya una hatua tatu: kwanza maeneo yanapangwa kwa kiwango cha umaskini, kisha jamii inataja kaya kwenye mkutano, kisha dodoso linajazwa nyumbani kwa kila kaya iliyotajwa. Dodoso la aina hii haliulizi kipato, kwa kuwa mkulima hana hati ya mshahara. Linauliza idadi ya watu, umri wao, elimu ya mkuu wa kaya, sakafu, ukuta, paa, nishati ya kupikia, vitu vilivyomo ndani. Kila jibu lina uzito wake, na jumla inatoa makadirio ya matumizi. Narudia: makadirio. Nchi nyingi zilizotumia kipimo hiki zimekuta kinawaacha maskini wengi nje na kuwaingiza wasio maskini. Miongoni mwa wanaoumia ni wazee wanaoishi peke yao, kwa sababu nyumba iliyojengwa miaka mingi iliyopita ikigawiwa mtu mmoja, karatasi inamsoma kuwa ana nafuu.

Mkutano unapochukua kipengele kimoja cha kipimo hicho na kukifanya hukumu, mambo mawili yanaharibika. La kwanza, watu wanaficha. Mabati yanahifadhiwa kwa jirani, mbuzi wanafugiwa kwa kaka, na kaya inabaki kwenye nyasi kwa hofu ya kufutwa. La pili, mpango unaadhibu kilekile ulichokuja kukileta. Majaribio ya kwanza ya ruzuku hii yalianza 2010 katika wilaya za Bagamoyo, Chamwino na Kibaha, na tathmini iliyolinganisha vijiji vilivyopata na ambavyo havikupata ilikuta walengwa wakinunua mifugo, wakiwavisha watoto viatu na wakijiunga na bima ya Mfuko wa Afya ya Jamii. Haya ndiyo matokeo yaliyohesabiwa kuwa mafanikio. Yaleyale yakionekana Kazuramimba yanageuzwa ushahidi wa udanganyifu.

Na hapa ndipo suala la usawa linaponikera hasa. Ruzuku haziendi kwa maskini peke yao. Juni 2022 serikali ilitoa shilingi bilioni 100 kushusha bei ya mafuta. Kila lita ilipata nafuu, kwa hiyo mwenye malori matano alipata zaidi ya anayepanda daladala, na zaidi sana ya anayetembea kwa miguu. Ruzuku ya mbolea iliyoanza msimu wa 2022/23 inafuata mifuko, na mifuko inafuata ekari. Hakuna mkutano uliowahi kumsimamisha mwenye ekari 30 na kumuuliza ana bati la geji gani. Sizipingi ruzuku hizo. Nasema maswali yote tunayaelekeza kwa mama wa 26,000. Zanzibar walilikwepa jambo hili mwaka 2016 walipoanzisha pensheni jamii: kila mkazi aliyetimiza miaka 70 alianza kupata 20,000 kwa mwezi, na kinachothibitishwa ni umri na ukaazi. Paa halihusiki.

Mkutano ukikaa, ulizeni maswali yanayofaa. Katika nyumba hii ni wangapi wana nguvu za kufanya kazi, na wangapi wanawategemea? Kabla ya mavuno, chakula huisha mwezi gani? Mara ya mwisho mtu alipougua, fedha ya matibabu ilitoka wapi? Kuna mtu anayetuma fedha kutoka mjini? Kisha orodha isomwe kwa sauti, jina kwa jina, na kila pingamizi liandikwe kwenye muhtasari pamoja na sababu yake. Nasisitiza muhtasari mpaka watu wananichoka. Bila maandishi, aliyetolewa kwa sababu ya bati hana cha kukatia rufaa.

"Wanalewea tu, na wanakuwa wavivu"

Hili limepimwa kuliko karibu dhana zote. Mapitio ya David Evans na Anna Popova, wakiwa Benki ya Dunia, yalikusanya tafiti 19 kutoka mabara mbalimbali na hayakukuta kwamba ruzuku huongeza matumizi ya pombe na tumbaku. Karibu kila mahali hayakubadilika au yalipungua. Kuhusu uvivu, mchumi Abhijit Banerjee na wenzake walichambua majaribio 7 katika nchi 6 na hawakupata dalili ya kudumu kwamba watu wanaacha kazi. Mlevi utamkuta katika orodha ya walengwa, kama utakavyomkuta katika orodha ya mishahara. Mtu anayeamini kwamba shilingi 144 kwa siku zinatosha kumfanya mtu mzima aache jembe, ajaribu kuishi nazo wiki moja.

"Wanazaa ili waongezewe"

Rudi kwenye viwango. Zile 4,000 za watoto ni za kaya, hazihesabiwi kwa kichwa. Zile 4,000 za kliniki nazo ni za kaya: ukiwa na mtoto mmoja chini ya miaka 5 au watatu, ni zilezile. Za shule ya msingi zinaishia kwa watoto wanne. Mwenye watoto wadogo tayari akizaa leo angesubiri miaka mingi ili aongezewe 2,000. Zambia ilikuwa na ruzuku iliyolenga kaya zenye watoto wadogo kabisa. Watafiti walifuatilia uzazi na hawakuona kuongezeka.

"Orodha nzima ni ndugu wa mwenyekiti"

Kuna vijiji ambako hili ni kweli, na siwatetei. Lakini mara nyingi kilichotokea ni kwamba kijiji kina kaya maskini nyingi kuliko nafasi, na kipimo kikapitisha wengine na kuacha wenzao wanaofanana nao. Anayebaki nje anatafuta maelezo, na undugu ndio maelezo ya karibu. Malalamiko yaanzie kwa kamati ya usimamizi ya jamii, yaende serikali ya kijiji, kisha kwa mratibu wa TASAF wa halmashauri, kwa maandishi, na nakala ibaki nyumbani. Kulalamika kilabuni hakujamrudisha mtu kwenye orodha.

"Elimu ni bure, ruzuku ya shule ya nini?"

Januari 2016 ada ya shule za umma ilifutwa hadi kidato cha 4, na mwaka 2022 ikafutwa hadi kidato cha 6. Sare, viatu, madaftari, nauli na chakula cha mchana havikufutwa. Na sharti la mahudhurio ni asilimia 80 ya siku za masomo: kwenye mwezi wenye siku 20, mtoto akikosa siku 5 ameshavunja sharti, na ziada yake inakatwa. Mtoto asiye na sare kavu msimu wa mvua anafikisha siku 5 bila shida.

"Siku ya malipo ndiyo siku ya kukusanya michango"

Hii ni dhana ya viongozi, na ina madhara. Mezani pa malipo hakuna mwenye haki ya kukata mchango wa maabara, wa mwenge au wa bima, hata kama mchango wenyewe ni halali. Mlengwa apewe fedha yake yote mkononi, aihesabu, atie saini au dole gumba. Akitaka kuchangia, achangie baadaye na adai stakabadhi kama mwananchi mwingine yeyote.

"Ikilipwa kwa simu, matatizo yamekwisha"

Malipo ya simu na benki yamepunguza safari na foleni, hilo ni la kushukuru. Tatizo limehamia kwenye majina. Laini imesajiliwa kwa kitambulisho cha mjukuu, jina kwenye orodha ni la bibi, malipo yanagoma. Kigoma hili ni zito kuliko mikoa mingi, kwa sababu kwenye wilaya za mpakani uhakiki wa uraia umefanya watu wengi, hasa wazee, wachelewe kupata namba ya NIDA, yaani ya kitambulisho cha taifa. Kabla ya dirisha la malipo kufunguliwa linganisheni vitu vitatu: jina kwenye kadi ya mlengwa, jina kwenye kitambulisho na jina la msajiliwa wa laini, herufi kwa herufi. Kama havilingani, nendeni kwa mtendaji na barua ya utambulisho mapema. Kurekebisha jina kunachukua muda, na mama akilikosa dirisha atasubiri miezi miwili mingine.

Asiye na kitambulisho kabisa aombe, kwa maandishi, alipwe kwa fedha taslimu wakati suala lake likishughulikiwa, na ombi hilo liingizwe kwenye muhtasari wa kamati. Laini isajiliwe kwa jina la mlengwa mwenyewe hata kama simu ni ya kuazima, na namba ya siri asipewe wakala, mjukuu wala mjumbe wa kamati.