Injini ina nguvu, lakini boksi lako la sangara huenda likabaki

Msimu huu malalamiko ya abiria wanaoondoka Mwanza kwa ndege ndogo yamekuwa mengi, na karibu yote ni wimbo mmoja: injini inanguruma mpaka masikio yanaziba, iweje ishindwe na kilo 15 za sangara? Hebu tuelewane.

Nguvu ya injini na msukumo, yaani kani inayoisukuma ndege mbele, si kitu kimoja. Ndege za pangaboi hupimwa kwa nguvu za farasi. Dash 8 Q400 ina zaidi ya 5,000 kwa kila injini. Jeti kama Airbus A220-300 hupimwa kwa msukumo, zaidi ya kilonewton 100 kwa kila injini. Kwa nguvu ile ile, msukumo wa pangaboi hupungua kadiri ndege inavyoongeza mwendo. Kelele si kipimo cha chochote.

Bodaboda aliyepakia mshikaki akipanda kilima cha Bugando anarudi gia ya kwanza na kujikongoja mpaka juu. Lori lililozidisha mzigo hufanya vivyo hivyo, hadi linaswe kwenye mizani. Ndege haina gia ya kwanza. Uzito ukizidi kwa asilimia 10, mwendo wa kupaa unapanda kwa takriban asilimia 5, na umbali wa kupaa unarefuka kwa kama asilimia 20.

Halafu kuna hewa yetu. Uwanja wa Mwanza uko zaidi ya mita 1,100 juu ya usawa wa bahari. Watu wa ziwani husahau, kwa kuwa kila siku wanaona maji. Joto likifika nyuzi 30, hewa inakuwa nyepesi kwa karibu asilimia 17 kuliko hewa ya kawaida ya pwani inayotumika kwenye hesabu zetu. Injini inavuta hewa pungufu, pangaboi linasukuma hewa pungufu, bawa linaegemea hewa pungufu. Ndiyo maana mwenzako wa saa moja asubuhi alipita na boksi kama lako, wewe wa saa tisa alasiri ukazuiwa. Hakuna aliyependelewa.

“Lakini si kuna nguvu ya ziada?” Ipo, na ina kazi yake. Chukua mfano wa ndege yenye injini mbili zinazotoa msukumo wa 100 kwa pamoja. Ikishapaa, 40 zinakwenda kushinda ukinzani wa hewa, 60 zinabaki za kupandia juu. Injini moja ikizimika unabaki na 50. Toa zile 40, umebakiwa na 10, na hapo sijahesabu ukinzani wa pangaboi lililosimama. Umepoteza nusu ya msukumo, lakini zaidi ya asilimia 80 ya uwezo wa kupanda. Hiyo “ziada” ndiyo mnayotaka kuipakia samaki.

Wengine hushauri tupunguze mafuta. Jamani! Ukienda Bukoba ukakuta wingu limefunga, unarudi kwa mafuta gani? Ndege ya injini za tabaini, kama Dash 8 na jeti, lazima ibakiwe na akiba ya mwisho ya dakika 30, na hiyo haiguswi kwa ajili ya mizigo. Isitoshe, njia ya kurukia na kutua ya Bukoba ni fupi. Ndege inaweza kuruka vizuri Mwanza na bado ikawa nzito mno kutua kule.

Utaratibu ni huu. Mzigo unapimwa, unafungwa tegi, uzito unaingizwa kwenye karatasi ya mizigo pamoja na abiria, mafuta na mahali kila kitu kinapokaa. Kwenye ndege ndogo na wewe utapanda mizani. Usione haya, na usimpe mtoto pochi akushikie. Rubani anasaini, nakala moja inabaki chini. Mzigo ukiongezeka baada ya hapo, hesabu inarekebishwa kabla ya kuondoka. Rubani anayeruka na uzito unaozidi kikomo anaweka leseni yake rehani, na kampuni cheti chake cha uendeshaji. Kulipia kilo zilizozidi hakununui nafasi: malipo ni ya biashara, kikomo ni cha usalama.

Wanaotoka soko la Mwaloni Kirumba na samaki, pimeni boksi likiwa na barafu ndani, siyo kabla ya kuijaza. Likibaki, dai risiti yenye namba ya tegi, na uulize litasafirishwa na ndege ipi kabla hujaingia chumba cha kuondokea.