Liverpool, manowari ya Sayyid Said yenye mizinga 74

Watu wakiongelea meli za Sayyid Said bin Sultan, mtawala wa Omani na Zanzibar, wanaitaja Sultana, ile iliyofika New York mwaka 1840 chini ya Ahmad bin Na'aman, na kweli inastahili, lakini mimi ninaesomea miundo ya meli za matanga navutiwa zaidi na Liverpool. Hii ilikuwa manowari kamili ya mizinga 74, imejengwa Bombay na kushushwa majini 1826.

Sasa mizinga 74 maana yake nini. Kwa kawaida meli za daraja hili zilikuwa na sitaha mbili za mizinga, ile mizito inakaa chini na myepesi juu, maana ukipandisha uzito merikebu inayumba mpaka inapinduka. Mzinga mmoja wa ratili 32 ulikuwa na uzito wa zaidi ya tani mbili na nusu na risasi yake karibu kilo 14 na nusu, halafu hiyo mizinga iko zaidi ya ishirini sitaha ya chini peke yake! Ndiyo maana mbavu za meli zilikuwa zinainama kwenda ndani kadiri unavyopanda, ili mizinga ya juu isiende mbali na katikati. Lakini hapo kuna shida nyingine, vile vidirisha vya mizinga vya chini vinabaki karibu sana na maji, kama mita moja na nusu hivi, bahari ikichafuka lazima uvifunge, kwa hiyo mizinga yako mikubwa kabisa haifanyi kazi siku ambayo pengine ndo unaihitaji.

Kwa mbao hakuna wa kushindana na Bombay. Mafundi wa ukoo wa Wadia walijenga kwa mtiki, mti wenye mafuta yake, hauozi haraka na misumari ya chuma haili kutu ndani yake kama kwenye mwaloni wa Uingereza. Nenda Hartlepool, Uingereza, leo utaikuta manowari ya Trincomalee, imeshushwa Bombay hiyohiyo mwaka 1817 na bado inaelea. Kwangu ushahidi huo unatosha.

Tabu ni kuitunza. Jahazi letu likichafuka unasubiri bamvua, yaani maji makuu, unalipandisha mchangani, maji yakitoka linalala, watu wanakwangua na kupaka deheni, yaani mafuta ya kuzuia maji, maji yakirudi wanaondoka. Merikebu ya mizinga 74 inazama maji kama mita sita au zaidi na huwezi kuilaza ubavu mchangani na uzito ule, inataka chelezo, yaani gati la kutengenezea meli, na Zanzibar hakukuwa na chelezo cha ukubwa huo, Bombay ndo kilikuwepo, kwa hiyo unangoja upepo wa kusi uipeleke India. Bado watu. Jeshi la majini la Uingereza lilikuwa linaweka mia tano, mia sita hivi kwenye meli ya daraja hilo, maana matanga yake ni ya mraba, milingoti mitatu, lazima watu wapande juu mpaka kwenye foromali, zile boriti zinazoshika matanga, kukunja na kufungua, na wengine wengi wa mizinga. Kuwalisha hao wote kila siku si mchezo.

Januari 1828 Sayyid alikuja nayo Mombasa pamoja na manowari yake nyingine, Shah Alum, na majahazi ya askari. Wamazrui, ukoo uliotawala Mombasa, walikubali askari wake waingie Fort Jesus, yeye akaendelea mpaka Unguja, ndo mara yake ya kwanza kufika. Mimi nasema hapo Liverpool ilifanya kazi yake yote, yaani kuonekana. Maana Mombasa haikutulia, iliwaka tena na tena mpaka 1837, na huko Pate na Siu, kwenye kisiwa cha Pate karibu na Lamu, vita ilikuwa ya nchi kavu na vijito vyenye maji machache ambako meli kubwa haisogei kabisa.

Mwaka 1834 akaitoa zawadi kwa Mfalme William IV wa Uingereza, ikakabidhiwa rasmi 1836, Waingereza wakaibadilisha jina ikawa HMS Imaum. Wengi wanaandika habari hii kama ukarimu tu, na siasa ilikuwepo sana, Wamarekani walikuwa wametoka kusaini mkataba nae 1833 na Waingereza walikuwa wanatazama kwa wasiwasi. Ila ukiijua meli yenyewe unaona alitoa kitu ghali mno kukiendesha kwenye maji haya na akapata nacho heshima kubwa kwa mfalme, ule ni uamuzi wa mfanyabiashara mzuri. Mfalme nae alirudisha zawadi ya yoti, Prince Regent, na hiyo Sayyid hakukaa nayo, akaigawa kwa mkubwa wa serikali ya India.

Imaum ikaishia Port Royal, Jamaica, imefungwa bandarini kama makazi ya mabaharia, ikavunjwa miaka ya 1860. Sultana ilikuwa ndogo kuliko hiyo mara kadhaa, na ndo iliyovuka Atlantiki ikiwa imebeba tende, karafuu na pembe za ndovu.