Simba wa Roosevelt aliuawa Chicago

Dhana: Theodore Roosevelt aliwinda Afrika Mashariki akiwa rais wa Marekani.
Alikuwa ameshaondoka madarakani. Alimkabidhi Taft urais tarehe 4 Machi 1909, akaondoka New York Machi 23 na kushuka Mombasa Aprili 21.

Dhana: Ipo filamu ya mwaka huo inayomwonyesha akimpiga simba risasi.
Filamu ipo, ila Roosevelt hayumo. Mtengenezaji filamu William Selig alinunua simba mzee, akatengeneza pori la bandia kwenye studio yake Chicago, akampa mwigizaji masharubu na miwani kama vya Roosevelt, kisha akawavika Wamarekani weusi wa mjini humo mavazi ya wapagazi. Simba yule maskini aliuawa kwa risasi za kweli mbele ya kamera. Jina la Roosevelt halikutajwa ndani ya filamu. Halikuhitajika, kwa kuwa magazeti yalikuwa yamejaa habari za safari yake na watazamaji wakamalizia wenyewe.

Kalenda peke yake inatosha kuufichua uongo huo. Filamu ya Selig ilitoka Mei 20, 1909. Roosevelt mwenyewe alitumia siku 29 kutoka New York hadi Mombasa, kwa hiyo hata picha zilizopigwa siku ileile aliyoshuka melini zingefika New York karibu Mei 20, zikiwa bado hazijasafishwa wala kutolewa nakala.

Kamera nayo inatoa ushahidi. Ilisimama juu ya miguu mitatu na kuzungushwa kwa mkono, kwa kawaida mizunguko miwili kwa sekunde, yaani picha 16. Lenzi za kawaida hazikuvuta vitu vya mbali, na filamu ilihitaji jua kali, ilhali simba hutembea zaidi usiku na alfajiri. Ukiona picha ya miaka ile ambamo simba amejaa fremu nzima, mweupe kwa mwanga na hana pa kukimbilia, shuku kizimba kwanza.

Dhana: Basi hakupigwa filamu Afrika hata kidogo.
Alipigwa. Mpiga picha Mwingereza Cherry Kearton alikutana naye huku huku mwaka 1909, na filamu yake ikaonyeshwa Marekani Aprili 1910. Haina simba anayeanguka kwa risasi ya Roosevelt, na waliokwisha kumwona simba wa Selig waliiona imepooza. Kwetu sisi ndiyo yenye thamani: Kearton alikuwapo na kamera yake kwenye ngoma kubwa ya Wakikuyu huko Nyeri, na waliocheza pale hawakuwa waigizaji wa kukodiwa Chicago.

Dhana: Aliua wanyama 11,000.
Idadi hiyo ni ya vielelezo vyote vilivyopelekwa Smithsonian, taasisi ya makumbusho huko Washington: panya, ndege, nyoka, samaki, vingi vikiwa vimekusanywa na wanasayansi watatu wa msafara. Kwa bunduki, yeye aliua 296 na mwanawe Kermit 216, jumla 512. Simba walikuwa 17. Ni wengi mno hata hivyo, na hakuna haja ya kuwazidisha.

Dhana: Wapagazi walimpa jina la Bwana Tumbo.
Jina hilo lilivuma kwenye magazeti ya Marekani. Katika maandishi yake ya safari, Roosevelt anasema aliitwa "Bwana Makuba", ambayo bila shaka ni Bwana Mkubwa kama alivyolisikia. Kermit alianza kwa kuitwa Bwana Mdogo, baadaye akawa Bwana Maridadi.