Gemu za mkononi za zamani: yanayosemwa Goma na ukweli wake

"Betri ikikufa, kaseti nayo imekufa." Hapana. Gemu ya Game Boy, mashine ya mkononi ya Nintendo, iliandikwa kiwandani ndani ya chipu isiyohitaji umeme ili kuitunza. Betri ile ya duara, kwa kaseti zilizo nayo (Tetris haina), inashikilia tu pale mchezaji alipofikia. Ndiyo maana, kwa anayehifadhi gemu kwa kunakili kaseti kuwa faili, kopi ya kwanza kutolewa ni ya hapo alipofikia, kabla fundi hajashika chuma cha kulehemu ili kubadilisha betri. Pokémon Red utaipata kwa mwingine. Safari ya kaka yako ndani yake, hapana.

"Jina ni lile lile, basi ni gemu ile ile." Hapa ndipo orodha nyingi za gemu zilizonakiliwa zinapoharibika. Tetris ya 1989, yenye kilobaiti 32 tu, inajulikana kwa matoleo mawili ya Game Boy: la kwanza na lililorekebishwa. Gemu nyingine zina toleo la Japani, la Marekani na la Ulaya, na juu yake kuna kaseti bandia zenye kibandiko kizuri kuliko cha halali. Jina la faili mtu yeyote analibadilisha. Kundi la No-Intro, linalotunza orodha za kopi hizi, hutegemea namba kama SHA-1, inayokokotolewa kutoka faili zima: biti moja ikigeuka, namba inakuwa nyingine kabisa. Pini chafu zinatosha kuharibu kopi, kwa hiyo soma kaseti mara mbili, kisha linganisha na iliyosomwa na mtu mwingine kwenye kaseti yake. Andika pia namba ya kibandiko inayoanza na DMG na, ukiweza kufungua, maandishi ya chipu.

"Iko kwenye flashi, iko salama." Katika mji ambao lava ya Nyiragongo ilipita katikati yake Januari 2002? Kopi moja ipelekwe Bukavu, na namba zikaguliwe tena mara kwa mara, maana flashi huharibika kimyakimya.

"Ni ya zamani, ni ya bure." Bado ina mwenyewe. Hakimiliki haiishi kwa sababu mashine haiuzwi tena.

"Kampuni itatutunzia." Nintendo ilifunga mauzo ya duka la intaneti la 3DS, mashine yake nyingine ya mkononi, Machi 2023. Gemu zilizouzwa humo tu hazina kaseti ambayo fundi yeyote angeweza kuisoma.