Sanaa ya video: mwimbaji wa opera mbele ya kamera

Sanaa ya video si video ya wimbo. Video ya wimbo ipo ili wimbo uuzike. Sanaa ya video hutengenezwa ili ioneshwe kwenye jumba la sanaa, ikijirudia siku nzima. Unaingia ukiikuta katikati, unaondoka upendapo. Si lazima iwe na hadithi. Msanii anaweza kurudia tukio lile lile, kupunguza mwendo, hata kuondoa sauti. Anayetajwa sana kuwa baba wa fani hii ni Nam June Paik, Mkorea aliyeonesha televisheni zenye picha alizozivuruga makusudi, Wuppertal, Ujerumani, mwaka 1963.

Waimbaji wa opera, yaani mchezo wa kuigiza unaoimbwa, wamewavutia wasanii hawa. Jukwaani huimba bila kipaza sauti, na sauti hupanda juu ya okestra nzima. Aliyekaa viti vya nyuma anaisikia vizuri, ila uso haoni. Kamera ikisogea ndipo unaona taya linavyoshuka, shingo inavyokaza, mbavu zinavyotanuka pumzi ikiingia. Kumbe ni kazi ya sulubu.

Tazama *Addio del Passato* (2011) ya Yinka Shonibare, mzaliwa wa London aliyekulia Lagos. Nadine Benjamin, mwimbaji wa soprano (sauti ya kwanza, wangesema wanakwaya wetu), anaigiza Fanny Nisbet, mke ambaye Nelson, jemadari wa majini wa Uingereza, alimwacha kwa ajili ya Emma Hamilton. Anaimba wimbo wa Violetta, mgonjwa wa kifua kikuu katika *La traviata*, opera ya mtunzi Mwitaliano Verdi, akiziaga raha zilizopita. Kisha wimbo unarudiwa. Mshono wa gauni lake ni wa Ulaya ya enzi za Nelson, lakini kitambaa ni kitenge! Na kitenge hicho tunachokiita cha Kiafrika kilianza kwa Waholanzi kuiga batiki ya Indonesia viwandani, wakaja kutuuzia Waafrika. Kwangu mimi, gauni hilo linasema mengi kuliko wimbo.

Ragnar Kjartansson wa Iceland alikwenda mbali zaidi. Katika *Bliss*, iliyooneshwa New York mwaka 2011, waimbaji na okestra walirudia kwa saa 12 kipande kifupi cha mwisho wa opera ya mtunzi Mozart, pale mume anapomwomba mkewe msamaha. Baadaye ikawa video. Wapo watakaouita upuuzi, na siwalaumu. Lakini msamaha ulioombwa tangu mchana hadi usiku wa manane hauwezi kusikika kama ule wa mara ya kwanza.