Kutwaa si kutaifisha

Nimelisikia tena juma hili, barazani hapa Ngamiani, Tanga, na safari hii kutoka kwa mzee ninayemheshimu: kwamba halmashauri moja ya mkoa wetu "imetaifisha" njia ambayo jamaa yake aliichonga kwa fedha zake ili afike shambani.

Kutwaa ardhi ni kuondoa haki ya mtu juu ya ardhi hiyo kisheria, kwa manufaa ya umma na kwa fidia. Sheria ya Utwaaji wa Ardhi ya 1967 inampa Rais mamlaka hayo, na halmashauri inayohitaji njia ya mtu haina budi kupitia mlango huo. Maana yenyewe ni hiyo. Tatizo liko kwenye neno la pili.

Kutaifisha kumetokana na "taifa", neno lililotoka katika Kiarabu likiwa na maana ya kundi la watu, na maana yake ya asili ni kukifanya kitu kuwa cha taifa. Watu wa Tanga hawahitaji kufundishwa hilo, kwa kuwa baada ya Azimio la Arusha mashamba mengi ya mkonge yalitaifishwa mwaka huohuo wa 1967. Baadaye neno likahamia mahakamani, ambako magendo yaliyokamatwa pamoja na chombo kilichoyabeba hutaifishwa bila mwenyewe kulipwa hata senti, na tangu hapo limenuka adhabu. Anayesema njia ya jamaa yake imetaifishwa anamfanya jamaa huyo aonekane mhalifu, jambo ambalo nina hakika hakulikusudia.

Kutwaa ni neno la Kibantu lisilo na harufu hiyo. Coastal Union ilitwaa ubingwa wa ligi mwaka 1988 na hakuna aliyedhani imempora mtu. Kinacholitofautisha katika sheria ni fidia, ambayo Ibara ya 24 ya Katiba inaitaka iwe inayostahili. Aliyewahi kulipa kibaba kwa siku ya Ramadhani asiyoweza kuifunga analijua neno fidia tangu utotoni: ni kitu kinachotolewa kushika nafasi ya kingine. Fidia si hisani, na kiasi chake kinaweza kubishaniwa mahakamani, ingawa ardhi yote nchini ni ya umma chini ya udhamini wa Rais, kwa sababu kinacholipiwa ni haki ya kuitumia na kilichoendelezwa juu yake.

Kwa hiyo, mzee wangu, kwa heshima zote, ikiwa jamaa yako hajapata notisi wala hajafanyiwa tathmini, njia yake haijatwaliwa, sembuse kutaifishwa. Hata kama greda la halmashauri limepita juu yake, hilo peke yake halimwondolei haki, na anachoweza kulalamikia kwa sasa ni kuingiliwa ardhi yake bila idhini.