Kwa nini jikoni India watu huhesabu miluzi?

Panda ngazi za jengo la ghorofa kule Mumbai au Chennai asubuhi, utasikia mluzi mkali wa mvuke wa sufuria ya presha nyumba hii, kisha ile. Ndani, mama anafunga chakula cha watoto cha shule huku akimwambia mumewe: "Ikilia mara tatu, zima." Saa haitazamwi kabisa. Inakuwaje?

Kazi yote iko kwenye kizito kidogo kilichokaa juu ya mfuniko wa sufuria ya presha. Maji kwenye sufuria ya kawaida hayazidi nyuzi joto 100, hata uchochee moto vipi. Mvuke ukibanwa, joto hupanda hadi karibu nyuzi 120, na mbaazi zilizokobolewa zinalainika upesi. Presha ikizidi nguvu, mvuke hukinyanyua kile kizito na kuchomoka kwa kelele. Ikishuka, kizito kinarudi chini, na mambo yanaanza upya. Huko Leh, mji wa kaskazini mwa India ulio mita 3,500 hivi juu ya usawa wa bahari, maji huchemka kabla ya kufika nyuzi 90. Bila sufuria hii, kuivisha nafaka za jamii ya kunde ni shughuli ya kumaliza gesi.

Ila mluzi si dakika. Moto ukiwa mkali, miluzi mitatu inafuatana chapuchapu na punje bado ngumu. Maji yakiwa mengi, wa kwanza unachelewa. Hesabu inakubali kwa sababu nyumba hupika vitu vilevile, kwa kikombe kilekile, juu ya jiko lilelile, karibu kila siku. Ndiyo maana bibi harusi akihamia kwa wakwe, namba aliyozoea kwa mama yake huenda isimfae. Inambidi ajifunze upya sufuria ya mama mkwe.

Mbaazi hutoa povu, na povu huziba tundu la mvuke. Kwa hiyo sufuria haijazwi kupita nusu, na wengi hudondoshea mafuta kidogo pamoja na manjano. Moto ukizimwa, mfuniko haulazimishwi: presha iliyobaki bado inaivisha. Hapo ndipo samli inapopata moto pembeni, na haradali, bizari nyembamba na mvuje vinakaangwa ili kumwagwa juu ya mbaazi.

Na mvuke ukitoka pembeni bila mluzi kulia, usiendelee kuusubiri. Angalia mpira wa mfuniko. Mara nyingi ndio uliochakaa.